Jackie Robinson: Kutoka Viwanja vya New York Hadi Ndege ya Wanafunzi wa Kenya

Ukurasa huu wa watu mashuhuri umezoea kutuletea marais na wapigania uhuru. Mara hii nataka tumzungumze mcheza mpira, tena mpira wenyewe ni ule ambao wengi wetu hata kanuni zake hatuzijui: besiboli. Msigeuze ukurasa kwanza. Jackie Robinson alifariki mwaka 1972, lakini sisi wanafunzi wa Kiafrika tunaosoma ng'ambo tuna deni kwake, na wengi wetu hatuna habari.

Kuzaliwa na kukua

Jack Roosevelt Robinson alizaliwa tarehe 31 Januari 1919 katika mji mdogo wa Cairo, jimbo la Georgia, kusini mwa Marekani. Alikuwa kitinda mimba wa watoto watano. Baba aliikimbia nyumba, na mwaka 1920 mama yao, Mallie, akawachukua wote watano akahamia nao Pasadena, California, akawa anafanya kazi za nyumbani kwa watu. Kaka yake, Mack, alipata medali ya fedha ya mbio za mita 200 katika Olimpiki ya Berlin mwaka 1936, nyuma ya Jesse Owens tu. Aliporudi Pasadena, kazi aliyoipata ikawa ni kufagia barabara. Basi Jackie alijua tangu kijana kwamba kwa mtu mweusi medali si lazima igeuke mkate.

Alipoingia chuo kikuu cha UCLA alikuwa wa kwanza pale kuiwakilisha skuli katika michezo minne: besiboli, mpira wa kikapu, riadha na ule mpira wa Kimarekani wa kubeba mkononi. Aliondoka mwaka 1941 bila shahada. Mwaka 1942 akaingia jeshini na mwaka uliofuata akawa luteni. Tarehe 6 Julai 1944, kambini Camp Hood, Texas, dereva wa basi alimwamuru aende kukaa nyuma. Alikataa. Wakampeleka mahakama ya kijeshi, na mwezi wa Agosti akaachiwa huru. Hii ni miaka 11 kabla ya Rosa Parks kukataa kuondoka kwenye kiti chake kule Montgomery.

Mji wenye timu tatu

Kabla hatujaendelea, maneno mawili matatu juu ya mchezo wenyewe. Mrushaji anasimama mita 18 na kidogo kutoka kwa mpigaji mwenye gongo. Mpira ukirushwa kwa nguvu unafika kwa chini ya nusu sekunde. Mpigaji akiupiga, anakimbia kuzunguka vituo vinne vilivyopangwa kama almasi, mita 27 kutoka kimoja hadi kingine. Akivimaliza vyote na kurudi alikoanzia, timu yake imepata pointi moja. Anaweza pia "kuiba" kituo, yaani kuchoropoka mbio wakati wenzake hawajapiga kitu. Kuiba kituo cha mwisho, mpira ukiwa mkononi mwa mrushaji anayekutazama usoni, ni kazi ya wachache sana. Robinson aliifanya mara 19 katika ligi kuu.

New York wakati ule ilikuwa na timu tatu za ligi kuu. Yankees wa Bronx walikuwa matajiri wa vikombe. Giants walikuwa Manhattan, katika uwanja wa Polo Grounds. Dodgers walikuwa Brooklyn, katika uwanja mdogo wa Ebbets Field. Jina Dodgers lilitokana na watu wa Brooklyn waliokuwa wakikwepa treni za barabarani. Anayejua Simba na Yanga atafahamu hali ya mji huo. Ongeza tu timu ya tatu. Dodgers ndiyo iliyokuwa timu ya watu wa kawaida. Mashabiki wake walikuwa na bendi yao iliyopiga ovyo kwa makusudi, na alikuwapo bibi mmoja maarufu, Hilda Chester, aliyekuja uwanjani na kengele ya ng'ombe. Desturi yao nyingine ilikuwa kufika fainali, kufungwa na Yankees, kisha kuahidiana kwamba mwakani mambo yatakuwa mazuri.

Lakini timu zote tatu zilikuwa na jambo moja la pamoja. Tangu mwaka 1884 hakuna mtu mweusi aliyecheza ligi kuu. Hapakuwa na sheria iliyoandikwa. Wenye timu walielewana tu kimyakimya. Weusi walikuwa na ligi zao, na Robinson mwaka 1945 alichezea Kansas City Monarchs.

Mapatano ya ajabu

Meneja mkuu wa Dodgers, Branch Rickey, aliamua kuuvunja ukuta huo. Nia yake ilikuwa ya imani na pia ya biashara: alitaka haki, na alitaka wachezaji wazuri ambao wenzake waliwaacha bure. Tarehe 28 Agosti 1945 alimwita Robinson ofisini Brooklyn, wakakaa kiasi cha saa tatu. Rickey alimtukana kila tusi ambalo mashabiki wangeweza kumtukana, ili aone kama atawaka. Alichokuwa anatafuta ni mtu mwenye ujasiri wa kutorudisha. Robinson, yule yule aliyemkatalia dereva wa basi, akakubali kunyamaza kwa muda.

Hebu tulitafakari hilo. Hakuwa mpole wa maumbile. Alikuwa na hasira za haraka, na alizimeza kwa hesabu, akijua kwamba ngumi moja yake ingewapa wenye timu kisingizio cha kuufunga mlango kwa miaka mingine mingi.

Mwaka 1946 alimwoa Rachel Isum, akacheza Montreal katika timu ndogo ya Dodgers, akaongoza ligi kwa upigaji. Tarehe 15 Aprili 1947, mbele ya watu zaidi ya 25,000, aliingia Ebbets Field na jezi namba 42. Wiki hiyo hiyo haijapoa, Philadelphia walipokuja Brooklyn meneja wao aliongoza matusi ya rangi waziwazi. Barua za kutishia kumuua zilikuja. Baadhi ya wachezaji wenzake walitaka kuandika malalamiko asichezeshwe, yakazimwa. Yeye akacheza tu. Mwisho wa msimu aliongoza ligi yake kwa kuiba vituo na akachaguliwa mchezaji mpya bora. Mwezi wa Julai mwaka huo huo Larry Doby alishaingia Cleveland, na wengine wakafuata.

Mwaka 1949, muda wa kunyamaza ulipokwisha, alianza kujibu waamuzi na wapinzani. Ndio mwaka aliochaguliwa mchezaji bora wa ligi. Ajabu ni kwamba waliompenda akiwa kimya, wengine walianza kumwona mkorofi.

Mwaka huo pia lilitokea jambo lililomsumbua baadaye. Kamati ya Bunge la Marekani ilimwita atoe ushahidi dhidi ya Paul Robeson, mwimbaji mweusi aliyetetea uhuru wa Afrika na aliyewahi kujifunza Kiswahili kule London. Robinson alikwenda. Katika kitabu cha maisha yake kilichotoka mwaka 1972 alieleza kwamba asingekubali tena mwaliko kama ule, na kwamba heshima yake kwa Robeson ilikuwa imezidi. Nimelitaja kwa sababu mashujaa wetu tukiwasafisha mno, hatujifunzi kitu.

Mwaka 1955 desturi ya kushindwa ikakatika. Katika mechi ya kwanza ya fainali dhidi ya Yankees, Robinson, mwenye umri wa miaka 36, aliiba kituo cha mwisho. Mdakaji wa Yankees, Yogi Berra, aliendelea kubisha maisha yake yote kwamba hakufika. Dodgers walishinda fainali mechi nne kwa tatu, ingawa ile ya saba Robinson hakucheza. Ulikuwa ubingwa wa kwanza na wa mwisho wa Brooklyn. Mwisho wa 1956 waliamua kumuuza kwa Giants. Yeye akastaafu, akaenda kuwa makamu wa rais wa kampuni ya kahawa ya Chock full o'Nuts. Baada ya msimu wa 1957 Dodgers na Giants zote mbili zilihamia California, na mwaka 1960 Ebbets Field ikavunjwa, yakajengwa majumba ya kupangisha.

Ndege ya mwaka 1959

Sasa tufike kwetu. Mwaka 1959 Tom Mboya alikwenda Marekani kutafuta nafasi za masomo. Kenya ilikuwa inakaribia uhuru na wasomi wa chuo kikuu walikuwa wachache mno. Vyuo vilitoa nafasi, lakini nauli hapakuwa. Robinson, pamoja na Harry Belafonte na Sidney Poitier, alitia sahihi barua ya kuomba michango kwa Wamarekani. Mwezi wa Septemba ndege ya kukodi iliwafikisha New York wanafunzi 81.

Mwaka 1960 walihitajika kusafirishwa wengi zaidi, na serikali ya Marekani ilikuwa imekataa kulipa. Robinson, aliyekuwa akimuunga mkono Nixon katika uchaguzi wa urais, alimbana asaidie. Mpinzani wa Nixon, Kennedy, alikutana na Mboya mwezi wa Julai, na mfuko wa familia yake ukaahidi dola 100,000. Serikali nayo, baada ya kukataa, ikaja na ahadi ya kiasi hicho hicho. Ndivyo uhitaji wa wanafunzi wetu ulivyoingia katikati ya siasa za wakubwa. Katika kundi la 1960 alikuwamo Wangari Maathai, aliyepata tuzo ya amani ya Nobel mwaka 2004.

Kwetu Misfat al Abriyeen, kijiji cha mlimani karibu na Al Hamra, mashamba yamepangwa ngazi kwa ngazi, na maji ya falaj yanashuka kwa zamu. Wa juu akimaliza zamu yake anaondoa kizibo, maji yashuke kwa wa chini. Kama mhandisi nauheshimu sana mfumo huo, maana hauna pampu wala injini. Unategemea mtu kuondoa kizibo. Robinson alipata zamu yake kwa taabu kubwa, na hakukaa juu ya mfereji.

Mwisho wake

Mwaka 1962 aliingizwa katika Jumba la Mashujaa wa besiboli, mweusi wa kwanza. Mwaka 1964 alishirikiana na wenzake kuanzisha benki ya Freedom National kule Harlem. Mwanawe wa kwanza alifariki katika ajali ya gari mwaka 1971. Kisukari kilimlia macho. Tarehe 15 Oktoba 1972, alipoheshimiwa mbele ya uwanja mzima kule Cincinnati, badala ya kushukuru tu aliwakumbusha kwamba hakuna timu yenye meneja mweusi. Siku tisa baadaye akafariki, umri wake miaka 53.

Rachel alianzisha mfuko wa masomo kwa jina la mumewe mwaka 1973. Mwaka 1997 namba 42 ilistaafishwa katika timu zote za ligi kuu, na siku hizi kila tarehe 15 Aprili wachezaji wote huivaa. Mwanawe David alihamia Tanzania miaka ya 1980, akawa mkulima wa kahawa Mbozi.

Ndugu zangu, sisi wengi tuko hapa kwa sababu kuna mtu alichanga nauli, alijaza fomu au alisema neno kwa niaba yetu. Wengi wao hatutawajua kamwe. Kuna kijana sasa hivi ana barua ya chuo mkononi na hana tiketi. Jumuiya ikipitisha daftari la michango ya wageni wa mwaka ujao, tusilipishe mkono kwa mkono kama bakuli la pilipili.

Mwandishi ni mwanafunzi wa uzamili, uhandisi.
Misfat al Abriyeen, Oman