John Adams, Wakili Aliyewatetea Wachukiwao

Jina la John Adams lajulikana kwa sababu alikuwa Rais wa pili wa Marekani. Lakini kabla ya kupata cheo hicho alikuwa wakili, na tendo moja la siku zile lastahili kukumbukwa kuliko vyeo vyake vyote. Maana aliwatetea watu waliochukiwa na mji mzima, hali yeye mwenyewe alikuwa mpinzani wa serikali yao.

Alizaliwa mwaka wa 1735 huko Braintree, katika Massachusetts, wakati ilipokuwa koloni la Uingereza. Baba yake alikuwa mkulima na mshona viatu, tena shemasi wa kanisa lao, naye alitamani mwanawe awe mchungaji. Kwa hiyo akampeleka katika chuo cha Harvard, akamaliza masomo mwaka wa 1755. Lakini kijana alipojipima moyoni aliona kwamba hakuitiwa kazi ile. Akafundisha shule katika mji wa Worcester, huku akijifunza sheria kwa wakili mmoja wa hapo, hata mwaka wa 1758 akapewa ruhusa ya kusimama mbele ya mahakimu. Mwaka wa 1764 akamwoa Abigail Smith, binti wa mchungaji, mwanamke mwenye akili nyingi, ambaye shauri lake alilitegemea siku zote.

Wakati huo ugomvi kati ya makoloni na Uingereza ulikuwa ukizidi. Mwaka wa 1765 Bunge la Uingereza liliwatoza watu kodi ya stempu juu ya hati na magazeti, nao hawakuwa na mjumbe hata mmoja katika bunge lile. Adams akaandika kuipinga. Mwaka wa 1768 askari wa Kiingereza wakaletwa Boston ili kuutiisha mji, na wenyeji wakawachukia sana.

Hata usiku wa tarehe 5 Machi 1770, kundi la watu likawazunguka askari wachache mbele ya nyumba ya forodha, wakawatukana, wakawatupia vipande vya barafu na kuwatishia kwa marungu. Askari wakapiga bunduki. Watu watano wakafa, watatu papo hapo na wawili baadaye. Mmoja wao, Crispus Attucks, alikuwa mtu mwenye asili ya Kiafrika. Mji ukajaa hasira. Kapteni Thomas Preston na askari wanane wakatiwa gerezani kwa shtaka la kuua, na ikawa shida kumpata wakili wa kuwasimamia. Adams akaombwa, naye akakubali.

Tufikiri alikuwa katika hali gani. Alikuwa na umri wa miaka 34, mwenye watoto wadogo. Mwezi mmoja tu uliopita yeye na mkewe walikuwa wamemzika binti yao mdogo, na Abigail alikuwa mjamzito tena. Riziki yao ilitoka kwa watu wale wale wa Boston waliotaka askari wanyongwe. Lakini Adams aliamini kwamba katika nchi inayotaka uhuru, mtu awaye yote asikose wa kumtetea mbele ya hakimu.

Kesi ya Preston ikasikizwa mwezi wa Oktoba, akaachiliwa, kwa kuwa haikuthibitika kwamba ndiye aliyeamuru bunduki zipigwe. Kisha ikafuata kesi ya askari. Adams akawaeleza wale watu kumi na wawili walioapishwa kuamua kwamba aliyeshambuliwa, hata maisha yake yakawa hatarini, ana haki ya kujilinda. Na kwamba hasira ya watu haiwezi kuugeuza ushahidi. Lakini haifai kuficha kwamba alisema kwa dharau juu ya Attucks na maskini wenzake, akiwatwika lawama nyingi. Askari sita wakaachiliwa. Wawili wakaonekana na hatia ya kuua bila kukusudia, wakatiwa chapa ya moto katika kidole gumba.

Wako waliomwacha wasimpe kazi. Hata hivyo, mwaka ule ule watu wa Boston walimchagua awe mjumbe wao barazani. Miaka mitatu baadaye aliandika katika kitabu chake cha kila siku kwamba kazi ile ilikuwa miongoni mwa mema makubwa aliyoitendea nchi yake.

Baadaye akapanda daraja nyingi. Mwaka wa 1776 alikuwa mmoja wa watano walioteuliwa kutayarisha tangazo la uhuru. Ndiye hasa aliyeandika katiba ya Massachusetts ya mwaka wa 1780. Na mwaka wa 1783 jaji mkuu wa huko alitamka kwamba utumwa haupatani na katiba ile. Adams mwenyewe hakumiliki mtumwa kamwe. Akawa Rais tangu 1797 hata 1801.

Lakini mwaka wa 1798 akatia sahihi sheria ya kuwaadhibu walioandika mabaya juu ya serikali, na wenye magazeti wakafungwa. Yule aliyewapa adui haki ya kusikizwa alishindwa kuwavumilia waliompinga yeye. Hata hivyo alikataa kuiingiza nchi katika vita kamili na Ufaransa, ingawa wengi wa chama chake walivitaka. Amani ikapatikana mwaka wa 1800, naye akashindwa katika uchaguzi. Alikufa tarehe 4 Julai 1826, mwenye umri wa miaka 90, siku ya kutimia miaka 50 ya tangazo lile la uhuru.

Kumtakia haki rafiki ni rahisi kwa kila mtu. Adams alimtakia adui haki alipokuwa wakili asiye na cheo, akaona ni vigumu zaidi alipoketi juu ya wote. Basi, sisi tukiletewa shauri la mtu tusiyempenda, na tumsikize kwanza.