Ludwig Krapf na Kiswahili cha Mvita

Johann Ludwig Krapf alizaliwa tarehe 11 Januari 1810 katika kijiji cha Derendingen, Ujerumani, mtoto wa mkulima. Tangu ujana alipenda lugha. Mwaka 1837 alifika Ethiopia akitumwa na wamisionari wa CMS wa London, na huko akajifunza Kiamhara na Kioromo. Njia ya huko ilipofungwa akazunguka kwa bahari. Januari 1844 akatua Unguja, ambako Seyyid Said alimpa barua ya kumtambulisha, na Mei akahamia Mombasa, yaani Mvita.

Kufikia tarehe 8 Juni alikuwa ameanza kutafsiri kitabu cha Mwanzo. Mwalimu wake alikuwa kadhi, Sheikh Ali bin Muhidini. Jambo hili husahaulika makanisani: Maandiko yalianza kuingia katika Kiswahili kwa msaada wa Mwislamu.

Mwezi uliofuata mkewe, Rosine, alijifungua binti, kisha mama akafariki, na baada ya siku chache mtoto naye akamfuata. Krapf mwenyewe alikuwa hoi kwa homa. Rosine alizikwa ng'ambo ya kisiwa, upande wa bara. Mjane huyo hakurudi Ulaya. Aliponyanyuka kitandani alishika tena kalamu, akiandika neno baada ya neno kama alivyolisikia kwa wenyeji. Mwaka 1846 mwenzake Johannes Rebmann alimfikia, wakajenga kituo Rabai.

Tusimpe sifa isiyo yake. Waswahili walikuwa wakiandika tenzi zao kwa herufi za Kiarabu muda mrefu kabla hajazaliwa, na hata jina Kiswahili linatokana na neno la Kiarabu lenye maana ya pwani. Alichofanya Krapf ni kuiandika lugha hii kwa herufi za Kirumi na kuipangia sarufi, iliyochapwa mwaka 1850. Mwaka huohuo alitoa orodha ya maneno ya lugha sita, zikiwemo Kikamba na Kipokomo.

Kikamba kilimpa neno moja ambalo baadhi yetu tunalibeba kwenye pasipoti. Akiwa Kitui, kwa mwenyeji wake Kivoi, aliuona mlima mrefu wenye theluji tarehe 3 Desemba 1849. Wakamba waliuita Kiinyaa, na wengi huelezea kwamba weusi wa miamba na weupe wa theluji ulifanana na manyoya ya mbuni. Krapf aliandika alivyosikia. Wasomi wa London walicheka habari ya theluji karibu na ikweta, lakini mlima haukuondoka, na mwaka 1920 koloni zima likapewa jina lake.

Kuhusu Kiswahili, Krapf alishikilia kwamba kilicho bora ni cha Mvita, kwa watu wasemao nti badala ya nchi, ndia badala ya njia, na mato badala ya macho. Askofu Edward Steere, aliyefika Unguja mwaka 1864, alifuata lugha ya Unguja. Ubishi huo tunaujua sana hapa Birmingham: familia ya Mombasa humsahihisha mtoto wa Dar es Salaam, na wote wawili humsahihisha wa Bukavu anayesema muti. Kwa maoni yetu Krapf alikuwa na haki ya kukipenda Kimvita, ila kukiita bora kuliko vingine alipitiliza.

Afya ilimrudisha Ujerumani mwaka 1853, akaishi Korntal akiendelea na kamusi yake. Usiku wa tarehe 26 Novemba 1881 alifariki akiwa amepiga magoti kando ya kitanda chake. Kamusi ilitoka London mwaka uliofuata, na watunga kamusi waliokuja baadaye wakachota humo. Mwaka 1930 ilipoundwa kamati ya kusanifisha Kiswahili cha shuleni, msingi wake ulikuwa Kiunguja.