Magnus, Mjerumani Anayepinda Ikabu Zako

Ikabu ikizunguka ukuta na kuzama pembeni mwa goli, mtaani tunasema huo mguu umefanyiwa dawa. Wachambuzi wa TV nao hutaja Magnus, halafu wanaendelea kana kwamba sote tulikaa naye dawati moja. Wacha nikupe stori yake, maana mzee huyu alikuwa na mambo kuliko hilo jina.

Heinrich Gustav Magnus alizaliwa Berlin tarehe 2 Mei 1802, kwa familia ya Kiyahudi ya wafanyabiashara wenye pesa, pesa kabisa. Kaka yake Eduard akawa mchoraji. Gustav alishikwa na kemia, akapata udaktari wake 1827, akaenda Stockholm kwa Berzelius, mkali wa kemia wa enzi hizo, kisha Paris. Mwaka 1837 alitoa gesi kwenye damu na kuonyesha kwamba damu inayotoka mapafuni imebeba oksijeni nyingi kuliko ile inayorudi. Ukiona winga ameinama, mikono magotini, dakika ya 88, hiyo ndiyo shida anayojaribu kutatua.

Lakini mimi kinachonivutia ni nyumba yake. Chuo Kikuu cha Berlin wakati huo hakikuwa na maabara ya fizikia ambayo mwanafunzi angeingia na kujaribu vitu. Magnus akanunua vifaa kwa pesa zake mwenyewe, akaviweka nyumbani kwake pale Kupfergraben, kisha akafungua mlango. Kuanzia 1843 vijana walikuwa wanakutana hapo kubishana kuhusu utafiti mpya, na 1845 baadhi yao wakaanzisha Chama cha Fizikia cha Berlin. Hermann Helmholtz, aliyekuja kuwa jina kubwa la sayansi Ulaya, alifanya majaribio humo akiwa bado daktari kijana wa jeshi. Tajiri mwingine angeongeza farasi tu.

Sasa tufike kwa mpira. Ukweli ni kwamba ilianza na mizinga. Risasi za mizinga zilikuwa za duara, zikitoka zinazunguka, na zikizunguka zinaacha njia. Kwa mwanajeshi hiyo ni tofauti ya kupiga ngome au kupiga kichaka. Mwaka 1852 Magnus akaamua kulimaliza suala hilo mezani. Alichukua silinda, umbo kama la mkebe, akaizungusha kwa kasi huku hewa ikipulizwa juu yake. Kila upande akaweka kibendera chepesi cha kuonyesha upepo. Upande ambao uso wa silinda ulienda pamoja na upepo, kibendera kilivutwa karibu. Upande ambao ulipingana na upepo, kilisukumwa mbali. Yaani presha ya hewa ilishuka upande mmoja, na silinda husukumwa kuelekea huko.

Weka mpira badala ya silinda. Ukitumia mguu wa kulia, upande wa ndani, na kuukata mpira upande wake wa kulia, utazunguka huku ukipinda kushoto. Hewa inapigwa kando kuelekea kulia, nayo inaurudishia mpira msukumo kuelekea kushoto. Hakuna dawa hapo. Ndivyo Roberto Carlos alivyowafanyia Ufaransa mjini Lyon tarehe 3 Juni 1997, kutoka mita 35 hivi: nje ya mguu wa kushoto, mpira ukapita kulia mwa ukuta kama unaenda kutafuta basi, halafu ukarudi kushoto, ukagusa mlingoti ukaingia. Barthez alibaki amesimama. Mpira unapopoteza kasi lakini bado unazunguka, kona huzidi kuwa kali, ndiyo maana kipa hudanganyika mwishoni.

Hata hivyo Magnus hakuwa wa kwanza kuona kitu hiki. Isaac Newton alikuwa amekitaja 1672 akizungumzia mpira wa tenisi, na Mwingereza Benjamin Robins alikichunguza kwa risasi za bunduki karne moja kabla ya silinda ya Berlin. Ukiniuliza, Robins alinyimwa asisti. Tena Magnus hakuwa mtu wa hesabu ndefu, aliamini jaribio unaloweza kuliona kwa macho. Maelezo kamili ya jinsi hewa inavyogandamana na uso wa kitu na mahali inapoachia yalisubiri Ludwig Prandtl, kuanzia 1904.

Sheria za kandanda ziliandikwa London 1863, miaka 11 baada ya vile vibendera. Magnus alifariki Berlin tarehe 4 Aprili 1870. Nyumba ya Kupfergraben bado iko, inaitwa Magnus-Haus, na wanafizikia wa Ujerumani bado wanakutana humo.