Rose Mbowa na mkokoteni wa Mama Nalukalala

Wengi wetu tuliorudi kutoka Nairobi mwanzoni mwa miaka ya 1990 tulikuta jina la Rose Mbowa limeshakuwa kubwa Kampala, nasi hatukumjua. Mimi nilianzia shule Kenya. Kiganda changu kilikuwa cha kusuasua, na Kiswahili changu kiliwafanya wenzangu darasani waniite askari. Kwa hiyo mama aliponiambia tunakwenda National Theatre kutazama mchezo wa Kiganda, nilikwenda shingo upande.

Mama hakuwa mtu wa maigizo. Alikuwa akichukua chumvi na betri Busia. Mwenzake wa sokoni ndiye aliyemweleza kwamba kuna mchezo wa mama mchuuzi kama wao.

Mbowa alizaliwa mwaka 1943, akasoma Gayaza, kisha Makerere. Huko alijiunga na Makerere Free Travelling Theatre, kundi lililoanzishwa mwaka 1965 ambalo lilipeleka michezo mikoani, hata Kenya, bila kiingilio, kwa Kiingereza, Kiganda, Kiswahili na lugha nyingine. Alipata shahada ya uzamili Leeds, Uingereza, akafanya kazi Radio Uganda, na hatimaye akawa profesa wa drama Makerere.

Haikuwa kazi ya salama. Mwaka 1977 Byron Kawadwa, mkuu wa National Theatre, alikamatwa na watu wa Amin na kuuawa, muda mfupi baada ya kurudi na mchezo wake kutoka tamasha la Lagos. Mbowa aliyaandika mambo hayo baadaye: jinsi watawala walivyowaandama wasanii, na jinsi wasanii walivyojifunza kuficha maana ndani ya nyimbo na vichekesho. Mwaka 1987, vita vilipopungua, alitoa Mother Uganda and Her Children, mchezo uliokusanya ngoma na lugha za makabila mbalimbali kama watoto wa mama mmoja. Mchezo huo ulifika hadi Ulaya.

Lakini mimi namkumbuka kwa ule wa Mama Nalukalala, katikati ya miaka ya 1990. Asili yake ni kazi ya Mjerumani Bertolt Brecht, aliyeiandika mwaka 1939 akiwa mkimbizi kama sisi. Mama mchuuzi anafuata majeshi na mkokoteni wake wa bidhaa. Vita vinamlisha, na vita hivyo hivyo vinamla watoto wake watatu. Uongozaji ulikuwa wa Jessica Kaahwa, na Mbowa ndiye aliyekuwa mama huyo.

Kuna mahali mtoto wa pili amekamatwa, na mama anaweza kumkomboa kwa pesa. Anapatana bei. Anapunguza, anaongeza kidogo, anapunguza tena, mpaka mtoto anapigwa risasi. Watu waliokuwa wakicheka wakanyamaza. Mama yangu alinishika mkono.

Mwaka 1983, tulipokimbia Luwero, alimwacha kaka yangu alinde mabunda ya nguo mpaka atakaporudi kuyachukua. Aliporudi hakumkuta kaka wala nguo. Kwa zaidi ya miaka kumi hakuwahi kulitaja jina lake. Usiku ule, tukitembea kuelekea kituo cha teksi, alilitaja, akanieleza mabunda yalikuwa mangapi na yangepata shilingi ngapi.

Waigizaji wa Uingereza tunawaona mpaka leo katika televisheni, hata waliokufa zamani. Wanafunzi wangu wanawajua hao kuliko Mbowa, na siwalaumu, kwa maana kazi yake kubwa ilikuwa ya jukwaani.

Profesa Mbowa alifariki Februari 1999, akiwa na miaka 56. Habari zilimkuta mama Busia. Alifunga kibanda kabla ya saa sita mchana, jambo ambalo hakulifanya hata siku mzigo wake ulipokamatwa mpakani.