Audrey Hepburn: nyota wa sinema aliyefika Kisangani, akarudi Afrika kwa ajili ya watoto wenye njaa

Anayetoka Walikale na kushika barabara ya Lubutu hufika Kisangani. Mwanzoni mwa mwaka 1958, mji huo ulipokuwa bado unaitwa Stanleyville, alifika huko mwigizaji aliyekwisha kujulikana dunia nzima. Jina lake ni Audrey Hepburn. Alikuja kupiga filamu. Miaka 30 baadaye alirudi barani Afrika kwa kazi nyingine kabisa, na sababu yake ilianzia utotoni.

Hepburn alizaliwa tarehe 4 Mei 1929 huko Ixelles, mjini Brussels, Ubelgiji. Mama yake alikuwa Mholanzi wa ukoo wa kifahari, baba yake raia wa Uingereza. Baba aliiacha familia mwaka 1935, binti akiwa na umri wa miaka sita tu.

Vita vya Pili vya Dunia vilimkuta Arnhem, Uholanzi, nchi iliyovamiwa na majeshi ya Ujerumani mwaka 1940. Katika majira ya baridi ya 1944 hadi 1945 chakula kilizuiwa kuingia katika miji, na watu wapatao 20,000 wakafa. Familia nyingi zilichimba mizizi ya maua ya tulipu na kuila. Nchi ilipokombolewa, Hepburn alikuwa ametimiza miaka 16, akiwa na upungufu wa damu na miguu iliyovimba kwa njaa. Alikuwa miongoni mwa watoto waliopokea chakula na dawa za shirika la misaada la UNRRA.

Alitaka kuwa mcheza dansi ya baleti, na mwaka 1948 akaenda London kujifunza. Lakini alikuwa mrefu mno, na njaa ilikuwa imeudhoofisha mwili wake. Akageukia jukwaa la maigizo na sinema. Mwaka 1951 alipata nafasi kuu katika mchezo wa Gigi mjini New York. Filamu ya Roman Holiday ya mwaka 1953 ikampa tuzo ya Oscar, akiwa na miaka 24.

Filamu iliyomleta Kongo ni The Nun's Story, ya mwongozaji Fred Zinnemann, iliyotoka mwaka 1959. Hepburn aliigiza sista muuguzi kutoka Ubelgiji aliyetumwa kuhudumia wagonjwa Kongo. Filamu ilipendekezwa kuwania Oscar katika vipengele vinane, ingawa haikushinda hata kimoja. Hata hivyo, Wakongo walionekana zaidi kama wagonjwa na watu wa pembeni. Wasaidizi wawili wa sista huyo, ambao katika hadithi ni Wakongo, waliigizwa na Orlando Martins wa Nigeria na Errol John wa Trinidad. Mwaka uliofuata, tarehe 30 Juni 1960, Kongo ilipata uhuru.

Baada ya hapo zilikuja Breakfast at Tiffany's mwaka 1961 na My Fair Lady mwaka 1964. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960 alipunguza sana kazi, akaishi Ulaya na kulea wanawe wawili.

Mwaka 1988 alikubali kuwa balozi wa UNICEF, kwa malipo ya dola moja tu kwa mwaka. Safari yake ya kwanza ilikuwa Ethiopia, iliyokuwa katika ukame na vita. Baadaye alikwenda Sudan, na Septemba 1992 akafika Somalia wakati wa njaa kali. Kila aliporudi alizungumza na waandishi wa habari na wanasiasa, akitumia umaarufu wa sinema kuomba msaada.

Alifariki kwa saratani tarehe 20 Januari 1993 nyumbani kwake Tolochenaz, Uswisi, akiwa na miaka 63, miezi minne tu baada ya safari ya Somalia.

Leo vijijini Masisi na Walikale, familia zinazokimbia risasi huacha mihogo na maharagwe shambani, na watoto wao hupanga foleni kungoja chakula cha msaada. Hepburn aliijua foleni hiyo. Kabla ya kuwa balozi wa UNICEF, kabla hata ya kuonekana katika filamu, alikuwa mmoja wa watoto wa vita waliongojea chakula.