Alicheleweshwa, Hakuchelewa

Wanachuo wengi tukifikisha miaka 25 bila ajira tunajiona tumeshafeli maisha. Basi mcheki huyu jamaa wa Urusi, Innokenty Smoktunovsky.

Alizaliwa mwaka 1925 kijijini Siberia, mtoto wa wakulima. Njaa ilipobana akapelekwa kulelewa kwa ndugu mjini Krasnoyarsk. Mwaka 1943, akiwa na miaka 17, akaingia jeshini. Alipigana Kursk, akavuka mto Dnieper, na Desemba akatekwa na Wajerumani. Baada ya kama mwezi mmoja alitoroka. Familia moja ya Ukraine ilimficha, ingawa ilijua ikigundulika wote wameisha. Alipopata nafuu akaungana na wapiganaji wa msituni, kisha akarudi jeshini mpaka vita ikaisha.

Ungedhani alipokelewa kishujaa. Wapi! Chini ya Stalin, mtu aliyewahi kutekwa alionekana nusu msaliti. Miji mikubwa akazuiwa kuishi. Kwa kuhofia kukamatwa, mwaka 1946 akajipeleka mwenyewe Norilsk, mji wa barafu na kambi za wafungwa kaskazini kabisa. Kutoka pale, wangemfukuzia wapi tena? Akaigiza kwenye jukwaa la huko kwa miaka kadhaa, kisha akahangaika mji hadi mji. Alipofika Moscow mwaka 1955, milango ya majumba ya maigizo ilifungwa.

Mwaka 1957, kule Leningrad, mwongozaji Georgy Tovstonogov akampa nafasi ya Mwanamfalme Myshkin, katika mchezo uliotokana na riwaya ya Dostoevsky. Nchi nzima ikamjua. Alikuwa na miaka 32.

Mwaka 1964 akawa Hamlet katika filamu ya Grigori Kozintsev, na mwaka uliofuata akapewa Tuzo ya Lenin. Itafute uitazame. Hamlet wake hapigi makelele. Anatazama kama mtu anayejua kweli kwamba kuta zina masikio. Mwaka 1966 akageuka tena, akachekesha watu kama Detochkin, mwizi wa magari ya mafisadi anayepeleka pesa kwa yatima.

Alifariki mwaka 1994. Wapo watakaosema shida ndizo zilimjenga. Mimi sikubali. Shida zilimla miaka kumi; waliomjenga ni waliomfungulia mlango, wale waliomficha na yule aliyempa nafasi.

Kwa hiyo mwenzako akipigwa sapu au akirudia mwaka, kabla hujamcheka jiulize: kachelewa, au kacheleweshwa? Halafu angalia kama mlango mmojawapo uko mkononi mwako.