Beryl Markham, mkufunzi wa farasi aliyeanza upya kila alipopoteza

Kwa wakaaji wa Kibombo na sehemu nyingi za Maniema, farasi ni mnyama wa kuonekana kwenye picha tu. Mbung'o hawampi nafasi, kwani ugonjwa wanaomwambukiza humwua. Lakini kwenye nyanda za juu za Kenya, ambako kuna baridi, wazungu wa wakati wa ukoloni walifuga farasi wa mbio. Huko ndiko Beryl Markham alikojipatia jina.

Alizaliwa tarehe 26 mwezi wa kumi 1902 huko Ashwell, Uingereza. Alikuwa bado mtoto mdogo wakati baba yake, Charles Clutterbuck, alipofungua shamba Njoro, katika Bonde la Ufa. Mama yake hakuyavumilia maisha hayo, akarudi Uingereza. Beryl alibaki na baba. Alikua pamoja na watoto wa Kikalenjin, akajifunza lugha yao na kuwinda nao. Mmoja wao, Kibii, ambaye alipokuwa mtu mzima aliitwa arap Ruta, alifanya kazi naye miaka mingi katika mazizi ya farasi.

Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, baba alifilisika. Alikuwa ameahidi kuuza unga kwa bei isiyobadilika, kisha ukame ukapandisha bei ya nafaka. Shamba liliuzwa, naye akaenda Peru. Beryl, ambaye hakuwa amefikisha miaka 20, alikataa kumfuata. Alichukua leseni ya ukufunzi, akawa mwanamke wa kwanza kuipata nchini Kenya.

Kazi hiyo huanza kabla ya jua kuchomoza. Mkufunzi hupima chakula cha kila farasi, humkimbiza bila kumchosha, na kila siku hupapasa miguu yake kutafuta joto au uvimbe. Mguu ukiharibika, pesa ya mwenye farasi imepotea, na jina la mkufunzi pia.

Mwaka wa 1926 alimwandaa farasi aitwaye Wrack kwa mashindano makubwa ya St Leger mjini Nairobi. Zikiwa zimebaki wiki chache, mwenye farasi alimwondoa na kumpa mkufunzi mwingine. Beryl alibaki na Wise Child, farasi jike mwenye miguu dhaifu. Yeye na arap Ruta walimtunza kwa uangalifu hadi siku ya mbio. Wise Child alishinda, Wrack akabaki nyuma.

Miaka ya 1930 aliacha farasi na kuwa rubani. Mwezi wa tisa 1936 aliruka peke yake kutoka Uingereza kuvuka bahari ya Atlantiki kuelekea magharibi, kinyume cha upepo. Baada ya saa zaidi ya 20 angani, injini ilizimika na ndege ikaangukia kwenye matope ya Nova Scotia, Kanada. Alitoka akiwa hai, na dunia nzima ikamjua. Mwaka wa 1942 alitoa kitabu cha maisha yake, West with the Night, lakini baada ya muda kikasahaulika.

Ndoa zake tatu zilivunjika. Alirudi Kenya akikaribia umri wa miaka 50, bila mali, akashika tena kazi ya ujana wake. Safari hii hakuna aliyemfikia: farasi wake walishinda Derby ya Kenya mara sita, naye akawa mkufunzi bora wa mwaka mara tano.

Uzeeni umaskini ulimrudia. Chama cha mbio za farasi kilimpa nyumba karibu na uwanja wa Ngong, Nairobi. Kitabu chake kilichapishwa upya mwaka wa 1983, kikauzwa sana na kumpunguzia shida. Alifariki Nairobi tarehe 3 mwezi wa nane 1986, akiwa na miaka 83.